Du-sik na Kona ya Kushoto

Saa sita mchana mizinga ya upande wetu ingekipiga kilima tulichokikalia, na sisi tuliokuwa juu hatukujua. Tulitakiwa tuwe tumeshuka tangu alfajiri, adui apande, kisha apigwe. Amri ilitumwa kwa simu, na waya ulikuwa umekatika. Kule chini Kapteni Tak alizungusha mkono wa simu mpaka kiganja kikachubuka. Mizinga yenyewe ilikuwa ya Wamarekani, nyuma ya milima miwili, na waya wa kwenda kwao ndio huohuo.

"Nani hapa ana miguu?" akauliza.

Wote wakamgeukia Maeng Du-sik.

Kabla ya vita Du-sik alikuwa mkimbiaji wa mizunguko miwili ya uwanja, pale mjini Chuncheon. Aliteuliwa kwa mashindano ya vuli, lakini vita vikatangulia. Viatu vyake vya misumari, vipya kabisa, akaja navyo jeshini, kavitundika shingoni kama mtu aliyetoka kununua samaki wawili. Tulimcheka, ingawa mabuti tuliyopewa yalishonwa kwa miguu ya wageni, na ndani ya yale yake paka angezalia. Aliyemchokoza zaidi ni Sajini Pyo, mkubwa wetu.

"Bwana Mizunguko! Nikikutuma maji usizunguke ukarudi hapahapa ukadhani umeshinda."

"Nikirudi nitakukuta bado unafunga kamba za buti, kaka."

"Msikieni! Na kona anayoijua ni moja tu. Mwambieni akate kulia, ataanguka kifudifudi."

Ilikuwa kweli. Uwanjani watu huzunguka kwa kushoto, naye alizunguka hivyo tangu akiwa mtoto wa shule. Hata sufuria ya chakula aliiendea kwa upande huo.

Siku ile alitupa mabuti akavaa misumari. Mvua ilikuwa imenyesha, njia ni tope tupu, na misumari ilishika vizuri. Aliniambia baadaye kwamba aliona raha hadi akasahau vita. Alilegeza mabega, akavuta pumzi zake kwa mpango, na alipofika njia panda kwenye ukungu, mwili ukakata kushoto wenyewe, kama punda anayejua kwao.

Kilima chetu kilikuwa kulia.

Alishtuka aliponusa moshi wa jiko la adui. Kurudi njia panda kungemchelewesha mno. Akakipanda kilima chetu moja kwa moja, kwa nyuma, upande ambao sisi tulikuwa tunamsubiri adui kwa bunduki.

Juu tulikuwa tumeshapakua wali wa shayiri na kabichi ya pilipili. Sajini Pyo alikuwa hajainua kijiko, kwa hiyo hakuna aliyeanza. Alikuwa anasimulia jinsi mama mkwe wake alivyomkataa mara mbili, nasi tunamlaani kimoyomoyo huku wali unapoa.

"Adui!" mlinzi akapiga kelele. "Anapanda mbio!"

Nikalala na bunduki, nikamweka mtu yule kwenye shabaha. Kidole kilikuwa kimeshaanza kuvuta niliposikia kofi la kisogo.

"Ngoja wewe!" Pyo alisema. "Tazama viwiko. Tazama shingo ilivyonyooka. Askari gani anapanda mlima kama anayepigwa picha? Yule ni mjinga wetu. Amekata kushoto!"

Tulicheka hapohapo, vifua vikiwa bado kwenye tope. Du-sik akaja kuanguka katikati ya bakuli.

"Shukeni," alisema. "Mizinga yetu. Saa sita."

"Umetokea wapi lakini?"

"Kaka, usiniulize."

Pyo akatazama saa yake. Akaweka kijiko chini.

"Bakuli ziacheni. Wadogo mbele, mimi nyuma."

"Nyuma niachie mimi," Du-sik akasema. "Mimi ndiye mwenye mbio."

"Mwenye mbio mpotevu. Basi kaa na mimi, nikuoneshe kulia ni wapi."

Tukashuka, wengine kwa miguu, wengine kwa matako, tukisukumana na kutukanana kama watoto waliotoka shule. Nyuma nilimsikia Pyo akiita, "Kulia, Bwana Mizunguko! Mkono unaoshika kijiko!" Tulikuwa tunavuka kijito kombora la kwanza liliposhuka. Wao wawili walikuwa bado hawajakifikia. Kama Du-sik angekata kulia asubuhi, sote tungekuwa ng'ambo tumejilaza.

Kilichotutoka siku hiyo ni hiki. Sufuria nzima ya wali, ambao hakuna aliyeuonja. Mguu wa kushoto wa Du-sik, kuanzia chini ya goti, pamoja na kiatu chake. Na Sajini Pyo. Wengine wote tulifika. Kiatu cha kulia Du-sik anacho hadi leo, na misumari yake haijaisha.