Swichi ya Wifi Haizimi Tena

Fundi umeme alikuwa ameapa kutowafanyia kazi ndugu zake tena, lakini kaka yake alimbembeleza mpaka dada mtu akachoka kukataa. Akaifungia umeme saloni ya mke wa kaka yake kama anayefungia hospitali: kila waya ndani ya bomba lake, swichi ya usalama ukutani, na huko nje chuma kirefu kilichozamishwa ardhini, ili umeme ukivuja uishie udongoni, usipitie kwa mtu.

Haikupita wiki, simu za wifi yake zikaanza.

"Wifi, swichi yako mbovu. Kila nikiwasha hita ya maji, inazima."

"Si mbovu. Inakwambia hita inavuja umeme. Usiitumie, nakuja Jumamosi."

Jumamosi alimkuta wifi kasimama mlangoni, anatabasamu kama bibi harusi. Ndani, mteja mmoja alikuwa ameinamia sinki, kichwa kimejaa povu.

"Umechelewa, mwenzangu! Jirani kashaitengeneza. Haizimi tena."

Fundi akafungua boksi la swichi. Jirani alikuwa ameunganisha nyaya moja kwa moja, swichi ikabaki pambo. Akashusha pumzi, akazunguka nyuma kutazama chuma chake. Akakuta shimo. Waya wa kijani aliokuwa ameufunga kwenye chuma ulikuwa unaning'inia tu ukutani, haushiki chochote.

"Wifi! Chuma changu kiko wapi?"

"Kile kilichokuwa kinachana magauni ya wateja? Si kile pale!"

Akaonyesha dirishani. Chuma kilikuwa kimebeba pazia, tena la maua.

Fundi hakujua acheke au alie. Akarudi ndani, akaigusisha testa yake ya kupimia umeme kwenye bomba la sinki. Taa yake ndogo ikawaka.

"Dada, toka hapo kwenye maji," akamwambia mteja, na papo hapo akazima swichi kuu. Feni ikasimama, redio ikakata wimbo katikati.

"Unaniharibia kazi!" wifi akapiga kelele, na kaka mtu akaja mbio kutoka uani.

"Jamani, si mngeongea taratibu?"

"Kaka, hili bomba lina umeme."

"Umeme gani?" wifi akadakia. "Mimi nalishika kutwa! Linawasha vidole kidogo tu. Nilidhani ni uchovu wa kusuka."

Kaka mtu akakaa polepole kwenye kiti cha wateja. Fundi akatazama miguu ya wifi yake, zile kandambili nene za mpira, akaelewa kilichokuwa kimemweka hai. Hasira ikampanda maradufu.

"Usiguse kitu. Hata taulo."

Mteja alisuuzwa kwa ndoo, huku akinung'unika kwamba amekuja kutengenezwa nywele, si kuokolewa. Fundi akaing'oa hita na kuitupa nje. Akarudisha swichi ya usalama mahali pake, akaijaribu, ikazima kama inavyotakiwa. Kisha akashusha pazia, akachukua nyundo, akakigongomea chuma ardhini kando kabisa ya ukuta, kaka yake akikishika, halafu akakifungia waya wake wa kijani.

Kazi ilipoisha, wifi alikuja na kikombe cha chai. Alikuwa amenuna.

"Ungesema mapema kwamba mtu anaweza kufa."

"Nilisema, wifi! Siku ninamaliza kazi nilisema, na kwenye simu nikasema tena!"

"Ulisema kifundi. Inavuja, sijui udongoni, sijui nini. Mimi nikajua inavuja kama paa."

Fundi akafumba macho, akayafumbua.

"Basi sikiliza. Ukiking'oa kile chuma tena, utakufa."

"Haya! Sasa hapo nimekuelewa," wifi akasema, akamsogezea chai. "Lakini jirani aliniambia..."

"Wifi!"

"Basi, basi. Kunywa, inapoa."