Albamu Pekee ya Reli Kavu

Reli Kavu walipiga muziki wa kantri wa Kimarekani kwa Kiswahili, na watu wengi wa Johannesburg walicheka kabla ya kuwasikia. Mwimbaji alikuwa Evarista. Mama yake ni Mtanzania, na baba yake ni Msauzi aliyeishi uhamishoni Morogoro kisha akarudi kwao na mke na binti. Rajab, seremala wa Tanga, alipiga gitaa la kulaza mapajani, lile linalolia kama mtu anayejizuia kulia. Nyimbo zote zilitungwa na Ruphin, mpiga gitaa la kawaida na fundi cherehani kutoka Lubumbashi, aliyeupenda muziki huo tangu redio ya baba yake.

Albamu waliirekodi Doornfontein, kwenye karakana iliyogeuzwa studio, mtaa mmoja na duka la Ruphin. Baridi ilikuwa kali, Evarista akawa anaimba na blanketi mabegani. Kazi ilienda vizuri mpaka Ruphin alipoleta wimbo wa mwisho, ambao wenzake hawakuwahi kuusikia.

Uliitwa "Gradi". Gradi alikuwa mdogo wake. Ruphin ndiye aliyemwita kutoka Kongo, ndiye aliyemtafutia chumba Alexandra, na wageni waliposhambuliwa mwaka 2008, Gradi aliuawa mlangoni pa chumba hicho. Wimbo haukutaja kifo. Ulisimulia kijana anavyotafuta viatu asubuhi, na kaka yake anavyomgombeza kwamba atachelewa kazini.

"Imba wewe," Ruphin alimwambia Evarista. "Mi sitaweza."

Akaimba. Nomsa, fundi mitambo wa studio, hakujua Kiswahili. Wimbo ulipokwisha akauliza unahusu nini, na Ruphin akamweleza kwa Kizulu, kwa kirefu. Nomsa akavua hedifoni. Alisema yeye amekulia Alexandra, na usiku ule, akiwa mtoto wa shule, alijificha chini ya kitanda akisikia kelele za watu waliokuwa wakitolewa majumbani. Wimbo hawakuurudia; uliingia kwenye albamu kama ulivyoimbwa mara ile moja.

Albamu ilipotoka, watu walianza kutumiana nyimbo zake kwenye simu, pole pole, hadi tamasha moja kubwa la Cape Town likawaalika. Evarista alikimbia dukani kumpa Ruphin habari. Alimkuta anashona gauni la harusi. Gitaa lake halikuwepo ukutani lilikozoea kutundikwa.

"Nimelitoa sadaka kanisani," Ruphin alisema.

"Kaka Ruphin, tumealikwa Cape Town!"

"Muende. Mi nimemaliza."

"Umemaliza nini? Ndiyo kwanza tunaanza!"

"Nilikuwa na wimbo moja tu, dada. Zile zingine nilikuwa nazitunga ili nisiufikie."

"Na sisi je? Tulikuwa vyombo vyako?"

Ruphin alisimamisha cherehani. "Nyinyi ndio mlinifikisha. Peke yangu ningebakia njiani."

Evarista aliondoka bila kuaga. Rajab akaleta mpiga gitaa Mkenya, kijana hodari mwenye vidole vyepesi, lakini kila walipofanya mazoezi Evarista alijisikia kama amevaa nguo ya mtu. Wakaikataa safari. Kiangazi chote alipita njia nyingine ili asilione lile duka.

Kisha siku moja, Mayfair, kwenye duka la vitambaa la Wasomali, akakutana uso kwa uso na Célestine, mke wa Ruphin.

"Umekasirika naye," Célestine alisema. "Una haki. Lakini acha nikwambie. Tangu mwaka ule, Ruphin alikuwa analala kwenye kiti, anatazama mlango. Miaka yote hiyo. Sasa analala kitandani."

Evarista alikirudisha mezani kitambaa alichokuwa ameshika.

"Na anakoroma!" Célestine aliongeza. "Eish, dada, mimi ndiye sipati usingizi."

Evarista alicheka, akaona aibu, akacheka tena mpaka Célestine naye akashikilia meza ya vitambaa. Jumapili iliyofuata Evarista alikwenda kula nyumbani kwa Célestine. Ruphin alimfungulia mlango, akamsogezea sahani ya sombe, kisamvu cha kwao Kongo, na hakuna aliyezungumzia muziki.