Kanga ya Ajwang

"Mama, tunaomba urudie pale pa kanga," alisema Gladness, binti aliyekuja na kamera kutoka Dar. "Sauti haikuingia vizuri."

Akelo akarudia kwa mara ya tatu, huku kunguru wakidonoa dagaa aliowaanika nyuma yake. Aliikunjua kanga aliyokutwa nayo binti yake Ajwang shingoni, amenyongwa ufukweni, miaka mitatu iliyopita. Haijafuliwa. Ina damu, na damu yenyewe si ya Ajwang. Mtoto yule alikuwa na meno, na aliyatumia. Simu ya marehemu ilipotelea kituo cha polisi, jalada la kesi likaifuata. Kwa hiyo kanga Akelo aliificha kwenye pipa la unga, asimpe askari yeyote.

"Na jina la aliyemuua mtalitaja?"

"Litatoka, mama."

Jina lilikuwa Pius Chenge, mwenye mitumbwi. Kwenye mwalo ule wa Ilemela, mitumbwi inaposhusha samaki, mwanamke anayetaka dagaa wa kwanza humfuata Chenge chumbani kwanza. Ajwang alimkatalia mbele ya watu, tena akicheka. Kila mtu aliyajua hayo. Akelo hakutaka filamu ya machozi. Alitaka Chenge aozee jela, na kama Mungu ana haraka naye, amchukue hata leo.

Miezi sita baadaye filamu ilioneshwa kwenye ukumbi wa kata, Jumapili baada ya ibada. Gladness alikuwa amemwomba Akelo aje na kanga, watu waione kwa macho. Chenge alikaa kiti cha mbele na soda yake.

Kwenye filamu muuaji aliitwa mfanyabiashara mmoja, uso umefunikwa. Msichana aliyeigiza Ajwang alishuka kwenye mtumbwi wa bluu ambao Akelo angeutambua hata gizani. Kisha yakaja maandishi ya mwisho: Shukrani za pekee kwa Bwana Pius Chenge.

"Mitumbwi yote ni yake," Gladness alinong'ona, macho chini. "Bila ruhusa yake tusingepiga picha hata ya mchanga. Na mwanasheria wetu alisema..."

Akelo hakumngoja mwanasheria. Hasira ya miaka mitatu ilimpandisha hadi mbele, akaichomoa kanga mkobani na kumtupia Chenge usoni.

"Wewe ndiye uliyemuua Ajwang. Damu yako hiyo."

Hakuna aliyeshangaa. Chenge aliiondoa kanga usoni, akaikunja mara nne, taratibu, kama mtu anayekunja nguo ya nyumbani kwake, akaitia kwapani.

"Pole, mama," alisema. "Nimekusamehe."

Akaelekea mlangoni. Hapo ndipo Akelo alipotambua alichokifanya. Akapiga kelele wamshike, anaondoka na kanga.

Teodora, jirani yake, aliyelia filamu nzima, alikuwa amekaa karibu kabisa na mlango. Kesho yake alfajiri alikuwa na ndoo nne za kujaza dagaa kwenye mitumbwi ya Chenge. Alivuta miguu yake chini ya benchi, Chenge akapita.