Midomo ya Mzee Cubaka

Katika sinema za Kitaliano Mzee Cubaka alikufa mara kumi na nane. Aliliwa na wafu wanaotembea, akachomwa mikuki, akatupwa kwa mamba wa plastiki, na mara zote kabla filamu haijafika nusu. Mtu mweusi katika zile sinema za bei rahisi za Roma alikuwa kuni: kazi yake kuungua ili chungu cha wengine kichemke.

Binti yake Nzigire alikuwa na miezi miwili baba alipoondoka Bukavu kwenda kusoma huko Roma. Kusoma gani! Hakurudi wala hakuandika. Nzigire alilelewa na mama peke yake, akamzika mama katika kambi ya wakimbizi, akahamishiwa Marekani, mjini Louisville, mtaa wa Iroquois, na sasa anafunga maboksi ghalani Jeffersontown. Ana miaka hamsini. Mwezi uliopita mchungaji mmoja wa Buffalo alimpigia simu: mzee yupo hai, anaishi hapo Buffalo, amefiwa na mke wake Mtaliano aliyemleta Marekani, anamtafuta mtoto wake. Ila kansa imemla koo, madaktari wamelikata. Hasemi tena, anaandika tu.

Mwingine angetukana. Nzigire aliuliza jambo moja: sauti yake ilikuwaje? Mchungaji hakujua, alimkuta mzee keshakatwa; alijua tu kwamba zamani aliigiza sinema huko Roma. Maji yakimwagika hayazoleki, lakini Nzigire alitaka walau kulowesha kidole. Alitaka kuisikia sauti ya baba yake mara moja, basi.

"Dada, usilie," binamu yake Bagula alimwambia kwa simu kutoka Columbus. "Sauti iko mu filamu. Nimeshapata moja."

Nzigire akaomba ruhusa kazini, akaondoka alfajiri, akampitia Bagula na diski yake, na alasiri wakabisha mlango wa mzee huko Buffalo, mtaa wa Lower West Side. Mzee alifungua, kitambaa shingoni. Akamshika binti mikono yote miwili, asimwachie. Matusi ya miaka hamsini yalimkauka Nzigire mdomoni.

"Jambo, papa," akasema.

Bagula, mtu asiyejua kusubiri, akaweka diski kwenye mashine ya televisheni. Mzee alitikisa kichwa, akatafuta kalamu, lakini filamu ilikuwa imeanza. Kijana mzuri amefungwa mtini, anafungua mdomo, na sauti inatoka, nene, ya Kitaliano. Nzigire alifumba macho, machozi yakamtiririka.

"Ni yeye. Njo papa yangu."

Mzee akamgusa bega, akampa karatasi: *Ile haiko sauti yangu. Ni ya Salvatori, Mutaliano mumoja. Wakati wa kupiga filamu hakukuwa micro ya kukamata sauti. Kisha, mu studio, Salvatori alikuwa ananisemea.*

"Mu filamu zote?"

Mzee akainamisha kichwa. Moyo wa Nzigire ulivunjika, na hasira zikampanda.

"Bon. Donc weye ulikuwa unasema nini pale?"

Mzee akaandika: *Walituambia tuseme chochote, hata kuhesabu. Miye nilisema neno moja tu, filamu zote.*

Akachukua rimoti, akazima sauti, akarudisha picha nyuma. Yule kijana akafungua mdomo tena, na mzee, kwenye kiti, akachezesha midomo yake pamoja naye. Mara ya kwanza Nzigire hakuelewa. Mara ya pili alilishika jina lake mwenyewe. Mara ya tatu akasoma yote: Mama Nzigire, ninarudi mwezi yenye inakuya.

Kwenye kioo cha televisheni mkuki ukamfikia yule kijana. Bagula akatazama dirishani.

"Mama hakuolewa tena, papa," Nzigire akasema. "Alikungoja mupaka mu kambi."

Mzee akalia, mabega yakimtikisika, na kilio chake hakikutoa hata mlio. Nzigire akapiga magoti, akamkumbatia, akalia kwa sauti, kilio cha watu wawili.