Nyumba ya Mshona Kofia

Mauwa alipotoka hospitali mwezi wa Oktoba, upande wake wa kulia ulikuwa umelala kama si wake. Mumewe, mzee Banza, alijaribu kumuogesha peke yake kwa siku nne. Siku ya tano wakaanguka wote wawili bafuni, wakabaki sakafuni wakitazamana hadi binti yao Anaïs alipofika na ufunguo wa akiba. Ndipo ofisi ya huduma za nyumbani ikawaletea Viorica.

Alikuwa mwanamke wa miaka hamsini hivi, mabega mapana, mikono isiyo na papara. Alipanda hadi ghorofa ya sita ya jengo lao kule Ganshoren, Ubelgiji, akavua viatu mlangoni bila kuambiwa, akamsalimu Mauwa kwa Kifaransa cha kuokoteza. Banza alisikia jinsi alivyoviringisha maneno ulimini. Akamuuliza kama anatoka Romania, na akamuuliza kwa Kiromania, lugha ambayo hakuwa ameitamka kwa miaka arobaini.

Viorica akaliweka beseni chini. "Bwana, umeipata wapi lugha yangu?"

Basi akamweleza. Alizaliwa Likasi. Enzi zile nchi yao ikiitwa Zaire, na wakuu wa nchi mbili hizo wakiitana ndugu, yeye alipata ufadhili kwenda Bucharest kusomea ujenzi. Akakaa huko miaka sita. Akarudi Katanga, akafanya kazi migodini, na mambo yalipoharibika akaja Ubelgiji, ambako diploma yake haikumfaa kitu. Akaishia kushika vipimo vya barabara hadi alipostaafu.

Tangu siku hiyo, kila Jumanne na Ijumaa, Viorica akishamaliza kumuogesha Mauwa na kumsuka nywele, aliketi jikoni na Banza wakanywa kahawa. Lugha ilimrudia mzee kama maji katika mfereji uliozibuliwa, kwanza matone, kisha mkondo. Mauwa aliwasikiliza kutoka kwenye kiti chake, haelewi neno, akicheka kwa nusu ya mdomo.

"Papa Anaïs," alisema polepole, maana maneno nayo yalikuwa yamemlegea, "alors, ulikuwa unajua kucheka hivi? Na mimi nilikuwa nafikiri meno iliisha."

Jumanne moja ya Novemba, mvua ikiwa imeng'ang'ania madirisha tangu alfajiri, Viorica alimwambia alikozaliwa: Mtaa wa Wauza Nta, juu ya kile kilima cha Bucharest kilichonyolewa ili lijengwe jumba la serikali.

"Wewe ulikuwa mjini wakati ule," alisema. "Unakikumbuka?"

"Nakikumbuka," akajibu Banza.

"Nilikuwa na miaka tisa. Wakaja wanaume wa kupima. Mmoja wao alikuwa Mwafrika, kijana mrefu. Sikuwahi kumwona Mwafrika karibu namna ile. Akanipa ncha ya utepe wa kupimia, akaniambia niibane ukutani, nisitikisike. Sikutikisika. Walipoondoka nikamkimbilia baba kujisifu kwamba nimefanya kazi." Alikizungusha kikombe chake mezani. "Unaona? Niliwasaidia kuipima nyumba yetu wenyewe. Labda ulimfahamu yule kijana."

"Waafrika tulikuwa wengi," alisema Banza.

Hilo lilikuwa kweli mjini. Lakini katika vikosi vya wapimaji vya kile kilima Mwafrika alikuwa mmoja tu.

Aliiona nyumba yote kwa mara moja. Baba yake Viorica alikuwa mshona kofia. Chumba cha mbele kilikuwa karakana, na rafuni vilipangwa vichwa vya mti vilivyovikwa kofia zikiwa bado zinafuka mvuke. Banza, mwanafunzi wa mwaka wa nne, alikuwa ametumwa mafunzoni pamoja na wenzake. Kazi yao ilikuwa kupima kila nyumba na kujaza karatasi ya hali yake. Nyumba ile ilikuwa imara. Kuta zake zilikuwa za matofali, nene kama mkono kutoka kiwiko hadi kidoleni, na lile tetemeko kubwa la ardhi la mwaka sabini na saba halikuziachia hata ufa mmoja. Mkuu wa kikosi akamnong'oneza kwamba mtaa huo wote unaandikwa "hatari kwa wakazi". Banza akaandika. Mkuu akamwambia atie sahihi, akatia.

Mshona kofia aliisoma karatasi ile akiwa nyuma ya bega la Banza. Hakupiga kelele. Alisema, "Kijana, wewe ni mgeni, wewe hawawezi kukufanya kitu. Umeuona ukuta. Waambie ulichokiona."

Banza aliuviringisha utepe wake, akatoka uani.

Aliogopa kurudishwa nyumbani mikono mitupu, ukoo mzima ukimsubiri kama injinia. Hivyo ndivyo alivyojieleza nafsini mwake miaka yote, na kwa miaka mingi maelezo hayo yalimtosha. Siku ile jikoni Ganshoren hayakumtosha tena.

Viorica alikuwa akiendelea kusimulia. Familia ilipewa siku kumi. Wakahamishiwa pembezoni mwa mji, ghorofa ya nane katika jengo ambalo halijakamilika, lifti ikiwa bado shimo tupu, bomba la joto likiwa baridi kama jiwe la mtoni. Karakana hapakuwa na pa kuiweka. Majira ya baridi yale ya kwanza, baba yake alivipasua vile vichwa vya mti kimoja kimoja, akaviwasha ndani ya ndoo ya bati ili mtoto apate joto. Baada ya hapo hakushona kofia tena. Kila Jumapili alikwenda kusimama mbali na kutazama kilima kikishuka, hadi polisi wakamkataza. Akafa mwaka wa tatu, kabla serikali ile haijaanguka.

"Daktari alisema moyo," alisema Viorica, akainuka kuosha vikombe.

Wiki mbili Banza hakulala vizuri wala kula vizuri. Viorica akija, yeye alijitia shughuli: anakwenda madukani Chaussée de Wavre kununua sombe, yale majani ya muhogo, anakwenda posta, anakwenda popote. Mauwa aliendelea kumtazama hadi Jumapili moja walipokuwa wawili tu.

"Uko na kintu ku roho," akamwambia. "Sema."

Akamwambia yote, tena kwa Kiswahili cha kwao, na kwa Kiswahili kikawa kizito zaidi. Mauwa aliufikicha mkono wake uliolala kwa ule ulio hai.

"Yule mama ananiosha," alisema hatimaye. "Ananiosha kila fasi ya mwili. Muntu anakuona hivyo, humufichi kintu. Umuambie."

"Na akiacha kuja?"

"Bon. Ataacha."

Ijumaa iliyofuata Viorica alikuwa amemkalisha Mauwa kwenye kiti cha bafuni, povu la sabuni likiwa nyweleni. Banza alisimama mlangoni, mgongo ameugeuza kwa adabu, akaongea akiutazama ukuta wa sebule. Alijua kwamba akingoja wakati mzuri zaidi hatasema.

"Yule kijana wa utepe ni mimi. Na karatasi ya nyumba yenu niliijaza mimi. Niliandika ni hatari kwa wakazi. Haikuwa hatari. Baba yako aliniomba niseme ukweli, nikatoka nje."

Maji yaliendelea kumwagika. Kisha Viorica akamsuuza Mauwa nywele, taratibu, akilikinga paji la uso kwa kiganja ili povu lisiingie machoni. Akamfuta, akamvika, akamleta kitini, akamfunika miguu kwa blanketi. Alipofika mlangoni akavaa viatu, akafunga kamba, akazifungua, akazifunga tena.

"Mama yangu yuko hai," alisema. "Tunaishi naye mji huu huu, Forest." Akatoka.

Jumanne aliletwa mwingine, Griet, Mbelgiji Mflamandi mwembamba, mtu mwema asiye na maneno. Mauwa hakulalamika. Ila alipoogeshwa alifumba macho, jambo ambalo hakulifanya zamani.

Krismasi ikapita. Katikati ya Januari simu ya Banza ikalia.

"Sikupigii kwa ajili yako," alisema Viorica. "Akili ya mama inapotea. Kila jioni anavaa koti anataka kurudi nyumbani, na nyumbani ni kule kilimani. Ananiuliza juu ya vyumba nisivyovikumbuka. Picha hatuna hata moja, zililowa siku ya kuhama. Wewe uliipima. Unaweza kuichora?"

"Naweza," alisema Banza, kabla hajajua kama ni kweli.

Akanunua karatasi kubwa, penseli na rula. Aliketi mezani siku tisa. Mwanzoni alikumbuka tu chumba cha mbele, na vile vichwa rafuni. Kisha mkono ukaanza kukumbuka peke yake: korido, mita nne na nusu, ngazi iliyopinda kushoto, stoo chini ya ngazi ambamo alilazimika kuinama. Alifuta, akachora, akafuta. Mahali pengine hakuwa na hakika, akaweka alama ndogo ya kuuliza, kwa kuwa hakutaka kuandika tena kwenye nyumba ile jambo asilolijua.

Siku ya kumi akapanda metro, kisha tramu, hadi Forest. Viorica aliishi ghorofa ya pili juu ya duka lililofungwa, katika mtaa ambao nusu ya wanaume walikuwa wakifanya kazi kwenye kiwanda cha magari kabla hakijafungwa. Alimfungulia mlango bila salamu, akamwonyesha jikoni.

Bibi Smaranda alikuwa mdogo kama mtoto wa shule, amevaa koti la baridi na kofia ya sufu, mkoba mapajani, tayari kwa safari. Viorica akaikunjua karatasi mbele yake.

"Mama, hii ni nyumba."

Kikongwe aliinama hadi pua ikakaribia kugusa karatasi. Kidole chake kikaingia mlango wa mbele, kikapita karakana, kikasimama. Kikapanda ngazi. Pale kwenye alama ya kuuliza kikagonga meza.

"Dirisha," alisema. "Hapa palikuwa na dirisha. Mwanga wa asubuhi uliingia hapa."

Banza akatoa penseli, akachora dirisha.

"Na kuta zilikuwa za manjano," alisema bibi. "Mbona hukuandika rangi?"

"Rangi hatukuipima, mama."

Bibi akamwinulia macho kwa mara ya kwanza. Yalikuwa ya kijivu, na hayakuwa na hasira wala kumbukumbu yoyote juu yake. "Huyu ni nani?" akamuuliza bintiye.

Viorica alisimama kando ya jiko, mikono ameikunja kifuani. Banza akangoja. Chochote ambacho angekisema, alikuwa tayari kukibeba.

"Ni fundi," alisema Viorica. "Ndiye aliyeipima nyumba."

"Amepima vizuri," alisema bibi Smaranda. Akampapasa Banza mkono, kama mtu ampongezavyo kinyozi. "Na mmepima kwa nini? Kuna nini kinataka kujengwa?"

Banza alimtazama Viorica. Viorica akageukia dirishani.

"Jumba, mama," alisema Banza. "Jumba kubwa sana. Vyumba zaidi ya elfu."

"Ee Mungu. Na nani atakaa humo?"

Banza akaiweka penseli mezani.

"Hakuna mtu, mama."

Bibi akatikisa kichwa, kwa huruma ya mtu asikiaye mambo ya wajinga wa mbali, akairudia karatasi. Akaanza kukiambia kidole chake nani alilala wapi. Hakuivua kofia, lakini mkoba aliuweka chini.

Viorica alimsindikiza Banza hadi ukumbini. Macho yake yalikuwa mekundu, sauti yake ilikuwa kavu.

"Usije tena," alisema. "Sitaweza kuvumilia kukukuta hapa kila mara. Na kwa Mauwa sirudi. Mpe salamu zangu, yeye hana kosa." Akashika kitasa. "Lakini simu yako usiizime. Huenda akauliza juu ya chumba cha chini ya ardhi."

"Chumba cha chini ya ardhi nilikisahau," alisema Banza.

"Basi kikumbuke," alisema Viorica, akafunga mlango.

Alitembea vituo vitatu kabla ya kukumbuka kupanda tramu. Mvua ya Januari ilikuwa nyembamba, ile isiyonyesha wala isiyoacha. Alipofika Ganshoren, Anaïs alikuwa ameshaondoka, ugali na sombe vimefunikwa mezani. Mauwa alimtazama akivua koti, akamwacha akae kwanza.

"Amekusamehe?"

"Hapana."

"Na yule mama yake?"

"Yule hanijui. Alinisifu."

Mauwa akaisukuma sahani kwa mkono wake mzima, kidogo kidogo, mpaka ikamfikia mumewe.

"Kula, Papa Anaïs," alisema. "Chakula inapoa."

Banza akanawa, akala. Sombe ilikuwa na chumvi nyingi, naye akaimaliza.