Mguu wa Wilf Hathersage

Tangu gari la mbio limrushe juu ya marobota ya majani makavu ya kingo za uwanja mwezi Mei, Wilf Hathersage alikuwa akikanyaga breki mapema, na siri hiyo aliijua yeye na mguu wake tu. Leo ilibidi aifiche. Meja Tolland, msimamizi wa timu ya mbio ya kiwanda cha magari, alikuja na saa ya kupimia mbio, akitafuta dereva mmoja wa kumpeleka kushindana Ufaransa. Wilf alikuwa na miaka thelathini na minane na gereji ndogo mkoani Lincolnshire. Asipochukuliwa leo, hachukuliwi tena.

Uwanja wa mashindano zamani ulikuwa wa ndege za vita, tambarare kama sinia. Hapakuwa na mti wala nguzo, hivyo kila dereva alijichagulia alama ya kumwambia "breki!" kabla ya kona. Wengi walichagua gari jeupe la muuza chai.

"Leo unakanyagia wapi, mzee?" Denholm Pryce, kijana aliyezoea kushinda kila wiki, alimchokoza. "Kwenye chai, au nyumbani kwa mama?"

"Kwenye chai, kama wanaume wengine."

Mkewe, Enid, alimfunga kofia. "Mikono yako barafu, mpenzi."

"Ni upepo."

"Upepo gani, Wilf?"

Mzunguko wa saba, Pryce alikuwa mbele yake hatua chache. Maili mia na thelathini kwa saa. Wilf alijiapia: safari hii nangoja chai, hata nife. Gari jeupe likachomoza kwa mbali, dogo kama jino. Hofu ikampanda, na mguu ukamsaliti. Ukakanyaga. Machozi ya hasira yakamjaa ndani ya miwani.

Pryce hakukanyaga. Alipokanyaga, kona ilikwisha kumpita; gari lake likapasua marobota, likapinduka katika shamba la viazi. Wawili waliomfuata Wilf nao wakaishia humo humo. Muuza chai alikuwa amesogea mita sitini kuelekea kona, kuwafuata wateja; aliyelingoja gari lake alichelewa.

Pryce alitolewa na bega lililovunjika, akiporomosha matusi. Wilf alimaliza wa kwanza.

"Wote walidanganyika," Meja alisema, akimshika mkono mbele ya watu. "Wewe peke yako uliona gari limesogea. Macho hayo nayataka Ufaransa!"

"Sikuona kitu, Meja. Niliogopa tu."

Meja akacheka hadi masharubu yakatikisika. "Mmemsikia? Eti aliogopa! Wanaume wa kweli ndivyo wanavyosema." Watu wakaangua kicheko, wakampiga mgongoni.

"Kweli, Meja, mguu wangu—"

"Jumatatu, saa tatu asubuhi. Kule kuna barabara imenyooka maili nne, kisha kona kali. Utaipenda!"

Enid peke yake hakucheka. Alimkazia mumewe macho, akimsihi aseme tena, aseme kwa nguvu.

Wilf akafungua kinywa. "Asante, Meja," akasikia mtu akijibu, na sauti ilikuwa yake.