Saa Iliyotumika Kiriaini

Siku mama Watiri alipofariki ndiyo siku mwanawe Gathogo alipofanya ruracio, sherehe ya kupeleka mahari. Gathogo wa Giakanja alikuwa fundi wa wakati: aliweza kuirudisha nyuma saa moja, mara moja tu kwa siku, na aliyeikumbuka saa iliyofutika alikuwa yeye peke yake.

Nyumbani kwa mchumba wake Shiku, huko Kiriaini, wanawake watano walisimama wamefunikwa leso tangu kichwani ili Gathogo amtambue wake. Alimshika mmoja mkono bila wasiwasi. Leso ilipofunuliwa, akawa ni shangazi yake Shiku.

"Haya twende, mzee wangu, ng'ombe hawajakamuliwa!" shangazi akasema.

Tenti nzima ikaangua kicheko. Watiri mwenyewe alicheka mpaka akafuta machozi. Gathogo alishikwa na aibu, akairudisha saa. Mara hii alikwenda moja kwa moja kwa Shiku, na wanawake wakapiga vigelegele.

Jioni, walipokuwa wakiagana, Watiri alijishika kifua akaanguka. Kwa saa moja wangemfikisha hospitali. Gathogo alijaribu kuirudisha, ikakataa. Alikuwa ameshaitumia.

Baada ya mazishi Shiku alimfariji. "Angalau mama alikuona ukinichagua bila kukosea."

Gathogo aliinamisha kichwa. Kile kicheko cha mama yake, hakuna mwingine aliyekijua.

Sasa wameoana, wanaishi Giakanja, na bado hajamwambia.